Uvira: Tulivyohamia wote kwenye fazi ya kituo cha afya, na aliyewahamisha watu ni mimi

Wakuu, nawasalimu kutoka Uvira, mtaa wa Kilibula.

Nimekuwa msomaji wa kimya humu kwa muda mrefu. Leo naandika, na sitatia chumvi. Kama ningeweza kupunguza ningepunguza, maana sehemu kubwa ya aibu ni yangu mwenyewe.

Kwa wiki mbili kuna swali moja lilininyima usingizi: mtu aliyeharibu kitu kwa nia njema, ana haki ya kukirekebisha kwa nguvu, bila kuomba ruhusa kwa wale wanaofaidika na uharibifu wake?

Msicheke. Mimi ni mtu wa kuwaza. Nikitoka nyumbani narudi kuangalia kama nimefunga mlango, halafu narudi tena kuangalia kama sikuufungua nilipokuwa naangalia.

Nimesoma umeme. Diploma iko ndani ya plastiki juu ya kabati la mama. Kazi sina. Mtaani wananiita Injenyeri, kwa heshima wakiwa na shida, na kwa kejeli wakiwa hawana.

Ili mnielewe, lazima nieleze kwanza umeme wetu unavyofika.

Unatoka mto Ruzizi. Mto unatoka ziwa Kivu, unashuka kwa hasira kwenye makorongo, unazungusha mashine, halafu unakuja polepole kupitia bonde na kuingia Tanganyika hapa hapa kwetu. Maji yakishamaliza kazi tunayaona kila siku. Matunda ya kazi yake ndiyo hatuyaoni.

Nyaya kubwa zinapita juu ya mashamba ya mpunga. Chini yake kuna watu wanaokula chakula cha jioni kwa tochi ya simu. Hilo peke yake linatosha mtu kukasirika, lakini sijafika kwenye hasira yangu.

Transfoma ya avenue yetu (barabara ya mtaa), sisi tunaiita transfo, tuliinunua wenyewe. Kila nyumba ilichanga, na kuna mjane aliuza mbuzi wake wa mwisho. Ilipofika juu ya lori, wamama waliipokea kwa vigelegele kama bibi harusi.

Kampuni ya umeme ikaja, ikaiunganisha, ikapaka namba yake kwa rangi nyeupe, na siku hiyo hiyo ikawa mali ya kampuni.

Sheria ya kwetu ni hii, wakuu: transfo ikileta facture, bili, ni ya kampuni. Ikiungua, ni ya wananchi.

Kwa wasiojua, kutoka kwenye transfo zinatoka nyaya tatu zenye moto. Kila moja inaitwa fazi. Nyumba ya kawaida inachukua fazi moja tu. Fundi mwenye akili anagawa nyumba sawasawa kwenye fazi zote tatu, kama watu watatu wanaobeba gogo. Ukimwachia mmoja gogo lote, mgongo utavunjika.

Sasa, umeme hautoshi, kwa hiyo kuna delestage, zamu ya kukatiwa. Wafanyakazi wa kampuni wanakuja kwenye kabati la transfo wanang'oa fyuzi. Leo fazi ya pili, kesho ya tatu. Siku nyingine zote mbili, na hakuna anayeeleza.

Fazi ya kwanza hawaigusi. Hiyo inakwenda kituo cha afya, na kulikuwa na amri kwamba wagonjwa wasikatiwe.

Hapo ndipo akili ya mtu wa Uvira inapoamka. Kama kuna waya usiokatwa, kwa nini mimi nikae kwenye waya unaokatwa?

Sisi tunaita kuhama fazi.

Na mhamaji wa kwanza alikuwa mama yangu.

Mama anauza samaki, mikeke hasa. Ana kongeleta moja, friza nyeupe, kuukuu, ambayo anaifunika kitambaa cha maua kama meza ya sebuleni. Tulikuwa kwenye fazi ya tatu. Wakati mmoja tulikaa gizani siku tatu mfululizo, samaki wakaanza kunuka, na mama akasimama mlangoni mwa chumba changu.

"Weye ulisoma miaka yote ile," akasema, "na samaki zangu zinaoza?"

Nilipanda nguzo asubuhi ile ile. Kazi ya dakika kumi. Nilijiambia ni nyumba moja tu, na kongeleta moja haiwezi kuumiza mtu. Hesabu yangu ilikuwa sahihi. Nilichosahau kuhesabu ni majirani.

Siku ya delestage iliyofuata, avenue nzima ilikuwa kimya, na kongeleta ya mama inanguruma. Hakuna siri inayodumu karibu na mashine inayonguruma.

Wa kwanza kuja alikuwa Mzee Ramazani. Ana duka la vinywaji baridi na vitenge pembeni ya msikiti. Familia yake ni ya Waislamu wafanyabiashara walioko hapa tangu zama za misafara ya ziwani, na anaongea kama mtu ambaye babu zake walishapatana bei ya kila kitu.

"Injenyeri mwanangu," akasema, "minye siombi siri yako. Naomba tu unihamishe."

Nikamhamisha. Ningemkataliaje, wakati ya mama inanguruma?

Baada yake akaja kinyozi. Halafu fundi cherehani mwenye pasi ya umeme. Halafu pasta na vyombo vyake vya muziki. Pasta na Mzee Ramazani hawajawahi kukubaliana hata juu ya kelele za jioni, lakini walikubaliana kwenye fazi moja. Halafu watu nisiowajua majina, kila mmoja na sababu yake, na sababu zote zilikuwa za kweli. Hilo ndilo linaloumiza. Hakuna hata mmoja aliyedanganya.

Sikuwa nalipwa, ila sabuni hapa, soda pale. Na niseme ukweli wote: nilikuwa nafurahi. Baada ya kukaa bila kazi muda wote ule, hatimaye watu walikuwa wananihitaji. Nikawa napanda nguzo na diploma yangu kichwani.

Niliacha kuhesabu nyumba. Mimi, mtu anayehesabu ngazi akipanda.

Siku moja Mama Titulaire akaniita. Huyu ndiye muuguzi mkuu wa kituo cha afya. Kwetu muuguzi mkuu anaitwa titulaire, na yeye amekaa hapo mpaka jina lake la ubatizo limesahaulika. Nusu ya watoto wa avenue wamechomwa sindano na mkono wake, pamoja na mimi.

Ilikuwa siku ya chanjo. Kwenye benchi wamejaa wamama na watoto mgongoni. Baadhi walikuwa wameshuka kutoka milimani, miguu imejaa vumbi mpaka magotini. Waliondoka kwao kabla ya jua.

"Njoo uone frigo yangu," Mama Titulaire akasema. "Inalia tu, haigandishe. Iko mgonjwa."

Frigo ya chanjo ilikuwa inatoa sauti ya mtu anayejaribu kuamka akashindwa. Inaanza, inatetemeka, inazima. Nikatoa kipimo changu nikaweka kwenye soketi. Panapotakiwa kuwa volti mia mbili na ishirini, palikuwa mia na thelathini na kitu, na namba inacheza.

Nilijua sababu kabla sijaiona namba. Ni kazi ya mikono yangu.

"Frigo iko muzima, Mama," nikamwambia. Kwetu umeme ni courant. "Courant njo iko mgonjwa."

"Na courant, nani aliiambukiza?"

Nikajifanya nakaza skrubu.

Akafungua kisanduku, akatoa kichupa kimoja, akaniletea karibu na macho. Kwenye kifuniko kuna alama ndogo, duara lenye mraba katikati. Akanieleza: mraba ukiwa mweupe, chanjo ni nzima. Unavyopata joto unakuwa mweusi polepole. Ukifikia rangi ya duara, dawa imekufa.

"Angalia."

Mraba ulikuwa mweusi. Ilibidi mtu akuambie kuna mraba, vinginevyo usingeuona.

Akatoka nje akawaambia wamama warudi Jumatano, baada ya wiki mbili. Hakupiga kelele. Mama mmoja wa milimani akauliza, "Ile Jumatano, itakuwako kweli?" Mama Titulaire akasema, "Mungu akipenda, na bale benye courant bakipenda." Yule mama akafunga kitenge upya, akampandisha mtoto mgongoni, akaanza safari ya kupanda.

Nilimtazama mpaka akapotea kwenye kona. Hapo ndipo nilipoanza kukosa usingizi.

Nikaamua kwenda kwa wenye mali. Kama transfo ni ya kampuni, kampuni ije igawe nyumba upya kwenye fazi tatu. Ni kazi ya nusu siku. Siku fyuzi zote zikiwepo, fazi mbili zilikuwa hazina kitu, zimelala usingizi mnono, na moja inakufa. Hata mtoto wa shule angeiona.

Niliandika barua. Niliirudia mara nne kwa sababu ya neno moja, "uzembe", ambalo niliogopa litawaudhi. Nikaweka "hali isiyoridhisha".

Ofisini, bwana mmoja mwenye miwani akaisoma akiwa amesimama.

"Hii transfo yenu," akasema, "si muliinunua nyinyi?"

"Ndiyo, chef. Lakini sasa ni ya kampuni."

"Kwa nini munachezea nyaya?"

"Ni kweli watu walihama. Ndiyo maana naomba mje muwarudishe."

"Acha barua. Tutatuma ekipe."

Hawakutuma mtu. Nikarudi wiki ile ile. Akaniambia gari halina mafuta. Nikasema ni mwendo wa miguu, nitawabebea ngazi. Akacheka, akawaambia wenzake, "Huyu anataka kazi." Wakacheka wote.

Mara ya tatu nilikuta barua yangu. Ilikuwa imekunjwa chini ya mguu wa meza ili meza isiyumbe.

Wakuu, nilisimama pale nikitazama ule mguu wa meza. Nilifikiria yule mjane na mbuzi wake. Nilifikiria mto mzima, ukuta wa bwawa, nyaya zinazovuka bonde, kazi yote ya watu waliosoma kuliko mimi, mwisho wake kushindwa kupoza kisanduku cha dawa chenye ukubwa wa mkoba wa shule. Na si kwa kukosa umeme! Umeme siku ile ulikuwepo. Ulikosekana mtu wa kupanda ngazi.

Hasira yangu iko hapo. Shida ya maji kupungua mtoni naielewa. Mashine za zamani, naelewa. Lakini kuna uvivu ambao tumekubali kuuita delestage.

Nikajaribu njia ya amani. Nikaomba kikao cha avenue, jioni, mbele ya duka la Mzee Ramazani. Nikachora kwa chaki ukutani: nyaya tatu, nyumba, kituo cha afya. Nikaeleza kuhusu mraba mweusi. Watu walisikiliza vizuri sana. Wamama wengine waliguna kwa huruma.

Nikauliza, "Nani anakubali kurudi kwenye fazi yake ya zamani?"

Kinyozi akamtazama pasta.

"Minye narudi," kinyozi akasema, "pasta akitangulia."

Pasta akasema kanisa lina vijana wa kwaya, haliwezi kutangulia gizani.

Mzee Ramazani akanitazama kwa upole kabisa. "Mwanangu, weye njo ulitupandisha huku juu. Sasa unataka turuke, na ngazi umeishika weye?"

Watu wakacheka. Nami nilicheka kidogo, kwa sababu ilikuwa kweli.

Kisha sauti ya mwanamke kutoka nyuma: "Na kongeleta ya mama yako iko fazi gani, Injenyeri?"

Hapo kicheko kikawa kikubwa. Kikao kikaisha.

Niliporudi nyumbani mama alikuwa ameshapata habari zote.

"Unataka kunikatia?" akauliza.

"Kukurudisha, Mama. Siku fazi yako ikiwaka utapata umeme mzuri kuliko sasa."

"Na siku za giza?"

Nikainua kitambaa cha maua nikatazama samaki.

"Ile samaki njo ilikusomesha," akasema. "Kila mwaka. Minye sikatae watoto ba bantu bachanjwe. Lakini kwa nini ianze kwangu? Kampuni iko, serikali iko, bazungu ba chanjo bako. Sasa shida yote imekuja kulala juu ya samaki za minye?"

Wakuu, nimesoma vitabu, sijawahi kukutana na hoja nzito kama ile. Niliizungusha kichwani siku nne. Alikuwa na haki. Kwa nini mlalahoi alipe uzembe wa mwenye ofisi?

Niliwaza mengine pia. Nikikata, watanipiga? Nikianguka kutoka kwenye nguzo, wataniokota? Nikiwarudisha leo, si watamwita fundi mwingine kesho? Nisipowarudisha na transfo ikaungua, nani atauza mbuzi safari hii? Niliandika sababu za kukata upande mmoja wa karatasi na sababu za kutokata upande mwingine. Za kutokata zilikuwa nyingi zaidi. Nikachana karatasi.

Jumanne, siku moja kabla ya ile Jumatano ya chanjo, nilikwenda kwa Mama Titulaire. Nikamwambia yote, kwamba aliyeambukiza courant ni mimi.

Alikuwa anafua vitambaa. Hakusimama. "Nilijua," akasema. "Nilikuwa ninakuona juu ya nguzo kama kima. Nilingoja nione kama shule yako ilikufikia moyoni ao ilibakia kichwani." Akakamua kitambaa. "Dawa zitafika leo mchana. Weye fanya unavyojua."

Nikatoka pale nikaenda moja kwa moja kuchukua ngazi. Kama ningepitia nyumbani ningewaza.

Ilikuwa saa nne asubuhi, jua kali, avenue imejaa watu. Sikutaka kufanya kwa kificho. Nikang'oa fyuzi kwenye kabati la transfo, nikapanda nguzo ya kwanza, na nyumba ya kwanza niliyoishusha kutoka fazi ya kituo cha afya ilikuwa ya mama yangu.

Alitoka nje. Aliitazama ngazi, akanitazama, akarudi ndani, akafunga mlango.

Kufikia nguzo ya tatu, watu walikuwa wengi chini.

"Shuka, weye mupumbavu!"

"Injenyeri wa kuharibia bantu!"

"Acha ashuke, tutamfundisha!"

Kinyozi alishika ngazi akaitikisa. Niliogopa, siwezi kuwaficha. Nikakumbatia nguzo kwa mkono mmoja. Nikapaza sauti: "Mukinitikisa nitaangukia juu yenu, na fyuzi iko mfukoni mwangu. Mutakaa gizani wote, na fundi amekufa!"

Kuna mtu alicheka. Kicheko kile ndicho kiliniokoa. Mzee Ramazani akamwambia kinyozi, "Acha ngazi ya bantu. Umuue halafu nani atarudisha courant?"

Niliendelea mpaka saa nane mchana. Nyumba nyingine fazi ya pili, nyingine ya tatu, chache zikabaki ya kwanza. Nilipanga kwa haki kadiri nilivyoweza. Nikarudisha fyuzi. Nikaenda kupima kwenye kituo cha afya: mia mbili na kumi, namba imetulia. Frigo ikanguruma mara moja, bila kutetemeka.

Sasa sikilizeni hii.

Ofisi ambayo ilikosa mafuta ya gari wiki zote zile, ofisi iliyoweka meza juu ya barua yangu, ilifika na gari siku ile ile kabla ya saa kumi. Watu watatu, na yule wa miwani mbele. Mtu alikuwa amewapigia simu kulalamika kwamba amekatiwa fazi ya kituo cha afya!

"Nani amegusa mali ya kampuni?" akauliza.

Wale waliokuwa wananitukana walitazama miguu yao. Hakuna aliyenitaja, hata kinyozi. Ningeweza kuingia ndani na jambo likaisha.

Nikasema, "Ni mimi."

Akatoa karatasi niandike kwamba nimeingilia mtandao bila idhini. Nilisoma mara tatu, kama kawaida yangu. Nikaandika jina langu lote, na chini yake, bila kuulizwa, nikaongeza kwa nini. Safari hii niliandika "uzembe".

Jumatano chanjo ilichomwa. Sikumwona yule mama wa milimani. Labda alikuja nikiwa sipo, labda alichoka. Sijui, na linanisumbua.

Mama hazungumzi nami. Ananipakulia chakula, lakini sahani analeta dada yangu. Siku mbili za giza zimeshapita tangu hapo, na samaki wengi amewabanika moshini ili wasioze. Bei yake si ile ile.

Nilichojifunza ni kwamba wakubwa wakiacha kufanya kazi yao, wadogo huanza kunyang'anyana kile kidogo, na kila mmoja anakuwa na sababu nzuri. Mimi nilikuwa na sababu nzuri kuliko wote, tena nilikuwa na diploma. Asiyejua alikosea gizani. Mimi nilikosea nikiona.

Kampuni imeniita ofisini Ijumaa. Wenye ujuzi wa sheria za umeme za Kongo, nisaidieni hapa chini au PM: wana haki gani juu yangu, na avenue iliyonunua transfo ina haki gani juu yao? Na nyinyi wa miji mingine, kwenu fazi ya hospitali inalindwaje? Mwenye kutaka kunitukana atukane pia, nimezoea nikiwa juu ya nguzo.

Jana jioni wajumbe watano wa avenue walikuja kuniomba niwahamishe tena, kimyakimya, "nyumba chache tu". Mzee Ramazani alikuwa mmoja wao. Niliwakaribisha viti, nikawapa maji, nikawaambia hapana.

Leo asubuhi nimenunua kufuli, nikaifunga kwenye kabati la transfo, na ufunguo nimeupeleka kwa Mama Titulaire; wa kampuni wakija kukata watauomba kwake. Mimi mwenyewe sikubaki na wa pili.